Wasifu wa Balozi Li Yaowen Ukisomwa Kutoka Mara: Mwanajeshi wa China Katika Diplomasia ya Tanzania, 1972–1976

Ikisiri

Makala hii inafafanua maisha na kazi ya Li Yaowen (1918–2018), aliyekuwa Balozi wa China nchini Tanzania kuanzia mwaka 1972 hadi 1976. Lengo lake ni kuonesha kuwa wasifu wa mwanadiplomasia haukamiliki unaposimuliwa kwa upande wa nchi iliyomtuma peke yake. Ili kulitimiza lengo hilo, kipindi chake cha Tanzania kimesomwa kwa kuzingatia maeneo matatu ya Mkoa wa Mara: Butiama, Bunda na Musoma. Mkabala uliotumika ni wa kiwasifu, na matukio yaliyochambuliwa ni yale yaliyomo katika kumbukumbu za umma. Uchambuzi unaonesha kuwa balozi huyu aliwakilisha dola kubwa mbele ya mwenyeji aliyejiwekea mipaka yake mwenyewe, na kwamba sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa kuilinda ahadi iliyotolewa kabla hajafika.

1.0 Utangulizi

Uhusiano wa Tanzania na China umeandikwa sana, lakini kwa kawaida huandikwa kupitia wakuu wa nchi. Msomaji hukutana na Mwalimu Julius Nyerere, Mao Zedong na Zhou Enlai. Hukutana na reli, kiwanda na mkataba. Ni nadra kukutana na balozi, ingawa yeye ndiye aliyeishi nchini, akasikiliza, akapeleka taarifa kwao na kuleta majibu. Pengo hili si dogo. Mtafiti anayewatazama wakuu wa nchi pekee hushawishika kuuona uhusiano huo kama urafiki wa watu wawili, au kama mpango wa dola moja kubwa juu ya nchi changa. Hoja zote mbili husahau kazi ya kila siku ya kidiplomasia, na huacha bila jibu swali ambalo bado linaulizwa hadi leo: je, Tanzania iliifuata China, au ilishirikiana nayo kwa masharti yake yenyewe?

Makala hii inalijadili swali hilo kupitia maisha ya mtu mmoja. Li Yaowen (Li likiwa jina la ukoo, ambalo kwa Kichina hutangulia) amechaguliwa kwa sababu mbili. Kwanza, miaka yake nchini iliangukia katika kipindi kizito: ujenzi wa Reli ya Tanzania na Zambia, Azimio la Musoma na mgogoro wa Angola. Pili, hakuwa mwanadiplomasia kwa asili ya taaluma. Alitoka jeshini na baadaye akarejea jeshini. Mkoa wa Mara nao umechaguliwa si kwa sababu balozi alikuwa na makazi huko, bali kwa sababu watu na maamuzi yaliyotoka huko yanatuwezesha kumtazama balozi kwa jicho la mwenyeji.

2.0 Maisha ya Li Yaowen Kabla ya Tanzania

Li Yaowen alizaliwa mwaka 1918 huko Rongcheng, katika jimbo la Shandong, pwani ya mashariki ya China. Alijiunga na Chama cha Kikomunisti mwaka 1937, mwaka ambao Japani ilianzisha vita kamili dhidi ya China. Ujana wake wote ulipita vitani: kwanza dhidi ya Japani, kisha katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyomalizika kwa kuundwa Jamhuri ya Watu wa China tarehe 1 Oktoba 1949, na hatimaye katika Vita vya Korea. Mwaka 1955, China ilipoweka mfumo wa vyeo vya kijeshi, alitunukiwa cheo cha meja jenerali.

Kazi yake jeshini ilikuwa hasa ya kisiasa. Kamisaa wa siasa hakuwa mpiganaji tu. Alisimamia nidhamu, mafunzo ya itikadi, na uhusiano wa askari na raia. Wadhifa wa namna hiyo haukuwa mgeni kwa Watanzania, kwani Jeshi la Wananchi wa Tanzania (JWTZ) nalo lilikuwa na makamisaa wa siasa wakati wa mfumo wa chama kimoja. Hivyo basi, mtu aliyezoea kueleza msimamo wa chama kwa askari alikuwa tayari na sehemu ya ujuzi unaohitajika kwa balozi: kusema kwa niaba ya wengine bila kuongeza la kwake.

Kumteua mwanajeshi kuwa balozi halikuwa jambo la ajabu nchini China. Mabalozi wengi wa kwanza wa nchi hiyo baada ya 1949 walitoka jeshini, kwa kuwa serikali mpya haikuwaamini wanadiplomasia wa utawala uliopinduliwa. Aidha, Mapinduzi ya Utamaduni yaliyoanza mwaka 1966 yaliivuruga Wizara ya Mambo ya Nje, na takribani mabalozi wote walirudishwa nyumbani. Wizara ilipoanza kujengwa upya, Li aliingizwa mwaka 1970 akiwa Naibu Waziri wa Mambo ya Nje. Miaka miwili baadaye alitumwa Dar es Salaam. Kwamba aliyekuwa naibu waziri alipangiwa kituo hiki ni ishara ya uzito ambao Beijing iliupa.

3.0 Kituo cha Dar es Salaam Mwaka 1972

Li hakufungua njia mpya. China na Tanganyika zilianzisha uhusiano wa kibalozi tarehe 9 Desemba 1961, siku ileile ya Uhuru. Balozi wa kwanza alikuwa He Ying, ambaye kabla ya hapo aliiwakilisha nchi yake Mongolia. Katika kipindi cha He Ying, Nyerere alizuru China Februari 1965, Mkataba wa Urafiki ukatiwa saini, na Zhou Enlai akaja Dar es Salaam Juni mwaka huohuo. Tarehe 5 Septemba 1967, wawakilishi wa Tanzania, Zambia na China walitia saini mjini Beijing makubaliano ya kujenga reli. Zhong Xidong ndiye aliyekuwa balozi ujenzi ulipozinduliwa Oktoba 1970. Li alimpokea yeye.

Kwa muktadha huu, kazi kuu ya Li haikuwa kuahidi bali kutimiza. Reli hiyo ina urefu wa kilometa 1,860, kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi nchini Zambia. Iligharimiwa kwa mkopo usio na riba wa yuan milioni 988, utakaolipwa kwa miaka 30. Gharama za ndani, kama vile mishahara ya wafanyakazi Waafrika, zilipatikana kwa utaratibu wa kuuza bidhaa za China nchini Tanzania na Zambia kupitia mashirika ya umma ya biashara. Utaratibu huu ulikuwa na maana kubwa kwa maeneo kama Mara. Reli haikufika Musoma wala Bunda, lakini gharama yake ilibebwa kwa namna fulani na kila mnunuzi wa bidhaa hizo, hata yule ambaye hakuwahi kuliona treni. Hapo ndipo kazi ya ubalozi ilipokuwa ngumu: ikiwa bidhaa hazikununuliwa kwa kiasi kilichotarajiwa, fedha za ndani zilipungua, na mazungumzo mapya yalihitajika.

Sehemu ya reli iliyo upande wa Tanzania ilikamilika mwaka 1973. Mataruma na vyuma vilifika Kapiri Mposhi mwaka 1975. Na reli ikakabidhiwa rasmi tarehe 14 Julai 1976. Zaidi ya Wachina 60 walipoteza maisha katika ujenzi huo, na makaburi yao yapo Gongo la Mboto, nje kidogo ya Dar es Salaam. Vilevile, kuanzia Novemba 1972, China ilipoanzisha uhusiano na Madagaska, Li aliiwakilisha nchi yake huko pia akiwa na makazi Dar es Salaam.

4.0 Butiama: Mwenyeji na Mipaka Yake

Balozi hupokewa na mkuu wa nchi, na mkuu wa nchi hii alitoka Butiama. Julius Nyerere alizaliwa tarehe 13 Aprili 1922, mtoto wa Chifu Nyerere Burito wa Wazanaki. Mwaka 1934 alianza masomo katika Shule ya Mwisenge mjini Musoma, akaendelea Tabora, Makerere na Edinburgh. Ukweli huu unajulikana sana. Kinachosahaulika ni kwamba sera yake ya kutofungamana na upande wowote ilikuwa imeshapimwa kwa gharama halisi kabla Li hajafika.

Mwaka 1965 Ujerumani Magharibi ilipotumia misaada kama shinikizo ili Tanzania isiwe na uhusiano na Ujerumani Mashariki, Nyerere alikuwa tayari kuikosa misaada hiyo. Desemba mwaka huohuo Tanzania ilivunja uhusiano wa kibalozi na Uingereza kwa sababu ya suala la Rhodesia, na kwa kufanya hivyo ikapoteza mkopo wa pauni milioni 7.5. Katika ulinzi pia, baada ya maasi ya askari ya Januari 1964, Tanzania ilipokea wakufunzi kutoka China, lakini kuanzia 1965 hadi 1970 mafunzo ya jeshi yalitolewa kwa sehemu kubwa na Kanada, nchi mwanachama wa NATO. Ni baada ya hapo ndipo China ilipopata nafasi ya kwanza.

Balozi aliyesoma mafaili hayo angeelewa jambo moja: mwenyeji huyu hakuwa mtu wa kushinikizwa kwa fedha. Mwenye nyumba ndiye ajuaye inapovuja, na Nyerere hakumruhusu mgeni amwoneshe yalipo matundu. China nayo ilikuwa na kanuni nane za misaada, zilizotangazwa na Zhou Enlai katika ziara yake ya Afrika mwanzoni mwa 1964. Zilisisitiza kutoingilia uhuru wa nchi inayosaidiwa na kuwataka wataalamu wa China waishi katika kiwango sawa na cha wataalamu wenyeji. Kazi ya Li ilikuwa kuhakikisha kanuni hizo haziishii kwenye karatasi.

Machi 1974 Nyerere alizuru China tena na kukutana na Mao. Mwezi mmoja kabla, Mao alikuwa amemweleza Rais Kenneth Kaunda wa Zambia mtazamo wake wa kuigawa dunia katika sehemu tatu, China ikijihesabu pamoja na nchi za Afrika katika Dunia ya Tatu. Viongozi wawili wa nchi zilizounganishwa na reli walipokewa kwa zamu katika majuma machache. Kwa mtafiti wa diplomasia, hii ni dalili kwamba kituo cha Li kilikuwa katikati ya fikra za Beijing kuhusu dunia, si pembezoni mwake.

5.0 Bunda: Ikizu na Njia ya Washington

Mfano wa pili unatoka katika eneo ambalo leo ni Wilaya ya Bunda. Hapo Ikizu ndipo aliposoma Paul Bomani, aliyezaliwa Musoma mwaka 1925. Bomani alijulikana kwanza kama kiongozi wa ushirika wa wakulima wa pamba wa Kanda ya Ziwa, na baada ya Uhuru akawa Waziri wa Fedha. Mwaka 1972, mwaka uleule ambao Li aliwasili Dar es Salaam, Bomani aliteuliwa kuwa Balozi wa Tanzania nchini Marekani, wadhifa alioushika hadi 1983.

Ulinganishi huu una faida ya kiuchambuzi. Waandishi wengi wa nchi za Magharibi wa wakati huo waliutazama ujenzi wa reli kama ushahidi kuwa Tanzania imeingia katika kambi ya China. Hata hivyo, wakati ambapo mafundi wa Kichina walikuwa wakitoboa milima ya Mlimba na Makambako, Tanzania ilimpeleka Washington mmoja wa wanasiasa wake wazito, akakaa huko miaka kumi na mmoja. Nchi inayofuata kambi haipangi watu wake hivyo. Aidha, kabla ya kuiendea China kwa ajili ya reli, Tanzania na Zambia zilikuwa zimeomba msaada Magharibi, na Benki ya Dunia ilikuwa imeuona mradi huo kuwa hauna faida ya kutosha kiuchumi. Milango ya upande mmoja ilipofungwa, waliuendea mlango uliofunguka, bila kuufunga ule wa kwanza.

Kwa hiyo, Li na Bomani ni pande mbili za shilingi moja. Kumsoma Li bila Bomani ni kuiona Tanzania kama nchi inayopokea tu. Kuwasoma pamoja ni kuiona kama nchi inayopokea mabalozi na kutuma wake kwa hesabu moja.

6.0 Musoma: Azimio la 1974 na Swali la Kuiga

Novemba 1974, Halmashauri Kuu ya Taifa ya TANU ilikutana Musoma na kutoa Azimio la Musoma kuhusu elimu. Azimio liliharakisha lengo la elimu ya msingi kwa wote lifikiwe mwaka 1977, badala ya 1989 kama ilivyokuwa imepangwa. Vilevile liliweka sharti kwamba wahitimu wa sekondari wafanye kazi kwa muda na kupata mapendekezo mazuri kutoka mahali pa kazi na kwenye chama kabla ya kuingia chuo kikuu.

Sharti hili lina mfanano wa wazi na utaratibu uliokuwapo China wakati huo. Tangu mwaka 1970 vyuo vikuu vya China vilikuwa vikichagua wanafunzi kutoka miongoni mwa wafanyakazi, wakulima na askari kwa mapendekezo ya mahali walipofanya kazi, badala ya mtihani wa taifa. Je, Musoma iliiga Beijing? Jibu linahitaji uangalifu. Misingi ya Azimio la Musoma inaonekana tayari katika waraka wa Nyerere wa Machi 1967 kuhusu elimu ya kujitegemea, uliokosoa shule zinazomtenga kijana na kazi za jamii yake. Zaidi ya hayo, tofauti ya mwelekeo ni kubwa: China ilikuwa imeufuta mtihani wa kuingia chuo kikuu, ilhali Tanzania iliendelea na mitihani na kuongeza kazi juu yake. Mfanano, basi, si ushahidi wa kuiga. Unaweza kuwa ushahidi wa matatizo yanayofanana.

Kwa upande wa balozi, Musoma inatufundisha mipaka ya ushawishi wake. Uamuzi mkubwa wa kijamii wa kipindi chake ulipitishwa kando ya Ziwa Viktoria, katika kikao cha chama cha wenyeji, na hoja zake zilijengwa juu ya waraka uliokuwa umetangulia kufika kwake kwa miaka mitano. Balozi angeweza kuueleza uamuzi huo kwa wakuu wake. Hakuwa mwandishi wake.

7.0 Angola: Marafiki Wanapotofautiana

Kipimo kikali zaidi kilikuja mwaka 1975. Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika ilikuwa na makao yake Dar es Salaam, na China na Tanzania zilishirikiana kuvisaidia vyama vya ukombozi, kikiwamo FRELIMO, ambacho Msumbiji ilipata uhuru chini yake tarehe 25 Juni 1975. Lakini kuhusu Angola njia ziligawanyika. China, kwa sababu ya uhasama wake na Umoja wa Kisovyeti, ilikuwa imewapa mafunzo wapiganaji wa FNLA, wapinzani wa MPLA. Afrika Kusini ilipoingiza majeshi yake Angola, Tanzania iliitambua serikali ya MPLA, Desemba 1975. China haikuanzisha uhusiano na Angola hadi mwaka 1983.

Tofauti hii ilihusu damu na silaha, lakini haikuusimamisha ujenzi wa reli wala kuvunja uhusiano. Hapa ndipo thamani ya kazi ya ubalozi inapoonekana. Tanzania ilikuwa na deni kubwa kwa China na bado ikachukua msimamo uliokuwa kinyume na ule wa Beijing. China ilikuwa na nguvu ya kudai na haikudai. Pande zote mbili ziliweza kutenganisha jambo walilotofautiana na ahadi waliyoshirikiana. Swali la utangulizi linapata hapa jibu lake lililo wazi zaidi.

8.0 Baada ya Tanzania

Kipindi cha Li nchini kilimalizika mwaka 1976, mwaka mgumu kwa nchi yake: Zhou Enlai alifariki Januari, Zhu De Julai, na Mao Septemba. Li alirejea katika utumishi wa kijeshi, na kuanzia 1980 hadi 1990 alikuwa kamisaa wa siasa wa jeshi la majini la China. Mwaka 1988 alipandishwa cheo na kuwa admirali. Alifariki mwaka 2018, akiwa na umri wa miaka 100.

Mwaka 1980, Li alipoanza kazi katika jeshi la majini, mzaliwa wa Butiama, Jenerali David Musuguri, aliteuliwa kuwa Mkuu wa Majeshi ya Ulinzi ya Tanzania, wadhifa alioushika hadi 1988. Musuguri alikuwa ameongoza Divisheni ya 20 katika vita dhidi ya majeshi ya Idi Amin mwaka 1979, ambamo JWTZ ilitumia, pamoja na zana nyingine, vifaru vilivyotengenezwa China. Hata hivyo, amri ya vita hivyo, gharama yake na wafu wake vilikuwa vya Watanzania.

9.0 Hitimisho

Makala hii imeonesha kuwa maisha ya Li Yaowen yalikuwa ya mwanajeshi wa kisiasa aliyepewa kwa miaka minne kazi ya kutunza ahadi. Aliikuta reli ikijengwa na akaondoka katika mwaka ilipokabidhiwa. Butiama imetuonesha mwenyeji aliyekuwa tayari kulipa gharama ya uhuru wake. Bunda imetuonesha kuwa mwenyeji huyo alituma mabalozi kama alivyowapokea. Na Musoma imetuonesha kuwa maamuzi ya ndani yalikuwa na mizizi ya ndani. Angola imethibitisha yote matatu.

Kwa watafiti wa wasifu katika Kiswahili, funzo ni la kimbinu. Wasifu wa mgeni aliyefanya kazi nchini usiandikwe kwa kumbukumbu za kwao pekee, wala usiandikwe kana kwamba wenyeji walikuwa watazamaji. Butiama kuna kaburi la Mwalimu na makumbusho yanayobeba jina lake. Gongo la Mboto kuna makaburi ya mafundi waliotoka mbali. Uhusiano wa mataifa haya mawili umelala katika maeneo yote mawili, na anayetaka kuueleza kwa haki hana budi kuyatembelea yote.